Udongo wa Katikati

Siku Gaspar alipomleta mkewe hadi Chanika kumwonyesha kiwanja alichonunua, Mwalimu Atuganile alikiangalia, akamwangalia mumewe, kisha akauliza kiwanja chenyewe kiko wapi. Maana alichokuwa anakiona mbele yake ni kipande cha ardhi kinachoteremka kuelekea bondeni, na mwisho wa mteremko shimo limejaa maji ya masika, limezungukwa na matete. Wenzao waliostaafu walikuwa wananunua viwanja vilivyonyooka, vya kujenga nyumba na kubakiza nafasi ya migomba. Wa kwake alikuwa amenunua dimbwi.

"Ndicho hiki," Gaspar akasema, na uso umemchangamka.

"Baba Sekela, hapa tunakuja kufuga vyura?"

"Njoo uone."

Akavua viatu, akakunja suruali, akaingia majini mpaka magotini. Akachota kwa chupa ya plastiki aliyoikata shingo, akamletea. Ndani mlikuwa na samaki wawili wasiozidi urefu wa kidole. Mmoja alikuwa mwekundu mkiani, ubavuni ana madoa ya buluu yaliyowaka juani. Mwingine alikuwa wa kijivu tu, wa kawaida kabisa.

"Huyu anayejipamba ndiye dume," Gaspar akaeleza. "Jike yeye amevaa sare za shule."

Mwalimu alicheka, ingawa hakuwa amekuja kucheka. Na alipocheka tu, shauri la kiwanja likawa limekwisha.

Gaspar alikuwa dereva. Miaka yake yote ya kazi aliendesha magari ya serikali, na sehemu kubwa ya miaka hiyo aliwapeleka wataalamu wa samaki kwenye madimbwi ambayo mtu mwingine angeyapita bila kugeuza shingo. Wao wakivua, yeye alitakiwa kulaza kiti nyuma na kusinzia kama madereva wengine. Hakusinzia. Alishika ndoo, akauliza maswali, na wataalamu nao hawakuchoka kumjibu. Hivyo alistaafu akijua kuwa samaki wale hawapatikani kokote duniani isipokuwa kwenye bonde la mto Mgude, kijito ambacho kiangazi unakivuka na ndala zako mguuni. Alijua pia kuwa madimbwi ya bonde hilo yalikuwa yanafukiwa moja baada ya jingine. Leo linamwagwa lori la kifusi, kesho unaona msingi, keshokutwa mtu ameanika nguo. Ndiyo maana akanunua shimo.

Walijenga upande wa juu, nyumba ndogo ya vyumba vitatu na kibaraza kinachotazama bondeni, wakahama Temeke walikokuwa wamepanga tangu Sekela, binti yao wa pekee, hajazaliwa. Mwalimu Atuganile alikuwa amefundisha shule ya msingi hukohuko Temeke mpaka alipostaafu. Sauti yake ilikuwa inajulikana. Akisema "Nisikilizeni," darasa zima lilinyamaza, na darasa la jirani nalo lilinyamaza, na mpita njia nje ya uzio alipunguza mwendo. Miaka yote ile aliwafundisha watoto wa watu kusikiliza.

Nyumbani kwake mwenyewe alikuwa hasikilizi. Hili tuliseme mapema, lisije likaonekana baadaye tumemwonea. Hakuwa mke mbaya. Alimpenda Gaspar, alimpikia, alimgombeza akisahau dawa za presha, alimnunulia sweta la Juni ambalo mtu mwingine Dar es Salaam asingelihitaji. Lakini kila jioni Gaspar alipoketi kwenye kigoda chake pale kibarazani na kuanza habari za samaki, yeye alikuwa na ungo wa mchele mapajani, anachambua mawe, na redio inaongea ndani, na kichwani anapanga ya kesho. Aliitikia "eeh." Akaitikia "kumbe." Penye kituo kirefu alisema "Mungu mkubwa," na Gaspar akaendelea. Angeulizwa wakati huo mumewe amesema nini, angekujibu kuwa ameongea habari za samaki.

Jirani yao wa upande wa bondeni alikuwa Bi Chausiku, Mzaramo aliyezaliwa palepale wakati Chanika yote ni mikorosho na mashamba ya mihogo. Kila kiangazi dimbwi lilipokauka, Bi Chausiku alikuja na jembe na ndoo kuchota udongo wa kukandikia jiko lake la uani. Mama yake alichota hapo, na bibi yake vilevile. Gaspar aliponunua kiwanja, Chausiku alikuja akiwa amejiandaa kwa ugomvi, mtandio ameufunga kiunoni kabisa.

"Chukua tu, dada," Gaspar akamwambia. "Ila chota wa pembeni. Wa katikati niachie."

"Wa katikati una nini?"

"Niachie tu."

Bi Chausiku alichota wa pembeni, na njiani anarudi alicheka peke yake. "Mzee ana wivu na tope," alimwambia kila aliyekutana naye. Kuhusu samaki wenyewe, yeye hakuwa na haja ya maelezo ya mtu. Kwao walijulikana kama samaki wa mvua, na maana yake ni hiyohiyo: mvua ikishuka, nao wanashuka. Ungewakuta vipi kwenye shimo lililokuwa kavu mwezi uliopita, kama hawakutoka juu? Gaspar alijaribu kubisha mara moja, akaona hamwezi, akaacha.

Kitu kimoja cha mumewe kilimtatiza Mwalimu. Maji yalipoanza kupungua, mwezi wa saba hivi, samaki walibanana kwenye kidimbwi kilichobaki, wakipumua kwa shida, korongo weupe wakija kuwaokota. Gaspar alisimama pembeni, mikono nyuma, anaangalia. Hakuleta hata ndoo ya maji. Mtu aliyeuza redio yake nzuri ili anunue shimo, leo anatazama samaki walewale wakifa na uso wake umetulia. Mwaka wa pili wa hali hiyo, Mwalimu alishindwa kunyamaza.

"Baba Sekela, kisima tunacho. Unawaangalia wanakufa hivihivi?"

"Ndiyo inavyotakiwa, mama. Wakifa hawa, udongo ndio..."

Hapo harufu ikawafikia. Maharage. Mwalimu alikimbia jikoni, akaipua sufuria, akakwangua, akalalamika, akaongeza maji, akaonja. Aliporudi kibarazani Gaspar alikuwa ameshika mambo mengine, anaongea habari za uzio. Na yeye hakumuuliza, udongo ndio nini. Sentensi ile ilibaki nusu, na baadaye aliitafuta nusu yake ya pili usiku na mchana.

Gaspar aliugua ghafla, katikati ya masika, dimbwi limejaa pomoni. Moyo. Walimlaza hospitali, na kwa siku chache alizobaki Mwalimu hakubanduka kitandani kwake. Alikuwa anapumua kwa mashine, akitaka kuongea anaitoa pembeni kwa mkono, na muuguzi anakuja kuirudisha. Alasiri moja aliitoa tena.

"Kidimbwi changu," akasema.

"Nitakitunza. Nakuahidi."

"Usije uka..."

"Usiongee, baba. Pumzika. Tutaongea ukipata nafuu."

Akamrudishia mashine usoni kwa mikono yake mwenyewe, taratibu, kwa upendo. Gaspar alimtazama, akafumba macho. Kesho yake alfajiri alifariki.

Baada ya maziko, baada ya arobaini, baada ya ndugu wa Songea na wa Tukuyu kupanda mabasi yao na Sekela kurudi kazini kwake Sinza, Mwalimu Atuganile alibaki na nyumba, kigoda, na dimbwi. Kila asubuhi alishuka kuliangalia. Kwa mara ya kwanza aliwatazama samaki kwa makini. Aliwaona madume wanavyogombana na kutanuliana mapezi, aliwaona majike wakijibanza chini kwenye matope. Mara nyingine alijikuta anawasemesha, anawapa habari za Sekela. Siwezi kumlaumu kwa hilo. Mtu akishaondoka, unashika kile alichokishika.

Mwezi wa saba ukaja, na maji yakaanza kupungua.

Alivumilia wiki nzima. Alipoona korongo wa kwanza ametua, akavua ndala, akamfukuza, akarudi juu kuchukua mpira wa kumwagilia. Aliuunga kwenye bomba la simtanki, akauteremsha mpaka bondeni, akafungua. Maji yakapanda tena. Samaki wakatawanyika, wakapumua. Mwalimu alisimama pale amelowa sketi, na tangu msiba hakuwahi kujisikia vizuri namna ile. Alikuwa ameahidi, na ahadi alikuwa anaitimiza.

"Mama, LUKU hii ya umeme wa pampu inaishia wapi?" Sekela aliuliza kwa simu.

"Inaishia kwa baba yako," akajibu, na Sekela akakoma kuuliza.

Bi Chausiku alikuja mwezi wa tisa, kama kawaida, na jembe na ndoo. Alikuta maji.

"Haa! Mama Sekela, hiki mbona hakijakauka?"

"Nakijaza. Sitaki samaki wa marehemu wafe."

"Sasa mie udongo napata wapi? Jiko langu limebanduka upande mzima."

"Mwaka huu hakuna udongo, dada. Samahani."

"Udongo wa dimbwi hili sie tumechotaga tangu bibi yangu. Mzee mwenyewe hakuninyima."

"Mzee hayupo. Niliyepo ni mimi."

Maneno yale yalimtoka vibaya kuliko alivyokusudia, sauti ya darasani ikamponyoka. Bi Chausiku aliokota ndoo yake. "Haya, Mwalimu," akasema. Hakusema Mama Sekela. Tangu siku hiyo walipita njiani wakiitana salamu za kukata, na Chausiku akaanza kununua mboga upande wa pili wa barabara.

Samaki waliishi, lakini hawakuishi vizuri. Mwezi wa kumi rangi za madume zilianza kufifia. Wengine walipinda migongo. Mwalimu aliwatupia pumba, akawatupia punje za ugali uliokauka, akawakatia kivuli cha makuti. Walikufa mmoja mmoja, bila haraka, wakielea juu ubavuubavu. Aliwazika pembeni kwenye matete. Alijiambia kuwa watoto wao wamo humo chini, wadogo mno hawaonekani, mvua ikija watakua. Hivyo hakuacha kufungua maji, hata siku moja.

Mvua za vuli zikaja kidogo. Masika yakaja kwa nguvu, Mgude ukafurika mpaka ukaungana na dimbwi kwa siku mbili, kisha ukarudi kwake. Zamani, wiki kadhaa baada ya mvua ya kwanza kubwa, Gaspar alivaa buti zake za mpira, akashuka, na baada ya muda sauti yake ilisikika kutoka bondeni: "Mama Sekela, njoo uone!" Yeye alijibu "Nakuja," akamalizia kwanza alichokuwa anafanya. Mwaka ule alivaa buti za Gaspar mwenyewe, zimemzidi, akashuka kila siku. Aliona vyura. Aliona viluwiluwi vya mbu. Siku moja aliona kitu kikubwa cheusi kinapanda juu, kinameza hewa, kinazama, moyo ukamruka. Lakini alikuwa kambare tu.

Mwisho wa masika alikuja mgeni. Kijana mmoja, miwani, begi mgongoni, alisimama getini akabisha hodi kwa adabu.

"Shikamoo mama. Naitwa Ansbert. Mzee Gaspar alinibebaga kwenye gari nikiwa bado mwanafunzi, nilipokuwa najifunza hawa samaki. Nilikuwa masomoni nje, taarifa za msiba nimezipata nimechelewa. Nimekuja kukupa pole."

"Marahaba mwanangu. Karibu sana."

Alimpa chai na mihogo ya kuchemsha. Ansbert aliongea habari za Gaspar, jinsi alivyokuwa anawakemea wanafunzi wakikanyaga ovyo, jinsi alivyokula mkate mkavu ili wao wapate soda, na Mwalimu alicheka na kulia kwa wakati mmoja. Kisha kijana akaweka kikombe chini.

"Mama, nisikufiche, nimekuja na jingine. Nimepita bonde zima wiki hii. Kule juu wamejenga. Kule chini wamefukia, wameweka gereji. Hiki kidimbwi cha mzee ndicho kilichobaki. Naweza kukiona?"

Mwalimu alisimama mara moja. Alikuwa amesubiri mtu wa kumwonyesha. Alimtangulia mteremkoni, akamwonyesha mpira unavyoshuka kutoka kwenye simtanki, akamwonyesha kivuli cha makuti, uzio aliouongeza, matete aliyoyapunguza.

"Kiangazi chote kilichopita sikukiacha," akasema, na fahari imemjaa kifuani. "Hakijakauka hata siku moja."

Ansbert alisogea ukingoni. Alikuwa anaangalia maji. Kambare akapanda, akameza hewa, akazama. Kijana akavua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa tena.

"Hata siku moja, mama?"

"Hata moja."

Alichuchumaa. Alipoongea alitafuta maneno, na kwa jinsi alivyokuwa anayatafuta Mwalimu akajua kabla hajasikia. "Mama, hawa samaki wakubwa wanakufa kila mwaka. Ndiyo maisha yao, ni mafupi. Wakiwa hai wanaficha mayai kwenye tope la chini. Lile tope linatakiwa likauke kabisa, lipasuke, jua lilichome. Mayai yanalala humo mpaka mvua. Mvua ikinyesha ndipo yanapoanguliwa. Yakikaa kwenye maji mwaka mzima hayaanguliwi, yanaoza. Na maji yasiyokauka yanaleta kambare, na kambare habakizi kitu."

Wakifa hawa, udongo ndio.

Mwalimu Atuganile alikaa chini kwenye majani. Hakujali sketi. Ile nusu ya pili ilikuwa imemfikia, na ilikuwa fupi, sentensi ya kawaida ambayo mtu angeimaliza kuisikia huku maharage yakiungua kidogo. Gaspar aliisema jioni ngapi pale kibarazani? Alikuwa na hakika aliisema. Alikuwa na hakika yeye aliitikia "eeh."

"Nimewaua mimi," akasema.

"Hukujua, mama."

"Niliambiwa."

Ansbert hakuelewa, na yeye hakumfafanulia. Kijana aliuliza, kwa sauti ya mtu anayejaribu mlango wa mwisho, kama kuna mahali popote pana udongo wa dimbwi uliochotwa kiangazi cha mwaka juzi, uliohifadhiwa mkavu. Hata kidogo. Wakati mwingine, akasema, udongo wa namna hiyo ukiulowesha unakuta bado una uhai.

Mwalimu alikuwa ameshainuka. Alikwenda kwa Bi Chausiku akiwa na zile buti zinazompwaya, akabisha hodi kwenye ua ambao hakuukanyaga karibu mwaka.

"Karibu, Mwalimu," Chausiku akasema bila kuinuka.

"Dada, nimekuja kuomba. Ule udongo wa jiko lako..."

Akanyamaza, maana alikuwa ameliona jiko. Lilikuwa la tofali za saruji, bati jipya juu, limepigwa na chokaa.

"Uliponinyima ikabidi nijibane nijenge la tofali," Chausiku akasema. Hakusema kwa ubaya, alikuwa anaeleza tu. "Kuta za zamani nilizibomoa, kifusi tukamwaga kwenye shimo la barabarani pale, magari yaache kukwama. Ungeniachia mwaka jana ningekuwa nao mwingi tu. Unautakia nini?"

Angemwachia mwaka jana. Kungekuwa na ukuta mzima, umekauka, umekaa kivulini chini ya makuti, ingawa ni udongo wa pembeni; yai moja lisingekosekana humo. Mwalimu alishika nguzo ya mlango, akamweleza jirani yake yote, bila kujitetea. Bi Chausiku alisikiliza mpaka mwisho. Hata habari ya samaki kutoka chini badala ya juu hakuibishia.

"Pole, Mama Sekela," akasema, na akamvutia kigoda akae.

Walijaribu. Mwalimu alifunga maji, akaukunja mpira akautupa nyuma ya choo. Ansbert alileta watu wakavua kambare wote. Kiangazi kile dimbwi lilikauka kwa mara ya kwanza tangu Gaspar aondoke, tope likapasukapasuka, na Mwalimu alilitembelea kila siku kama anayemtazama mgonjwa. Kulikuwa na matumaini, kijana alisema, ila asiyategemee sana. Yeye aliyategemea sana. Vuli ikanyesha, masika yakanyesha, dimbwi likajaa mpaka kwenye matete. Alivaa buti. Alishuka asubuhi na jioni na ile chupa iliyokatwa shingo, akachota, akainua juani, akaangalia. Alichota mpaka Ansbert akaacha kumpigia simu kuuliza. Yalikuwa maji matupu.

Kiangazi kilichofuata Bi Chausiku alikuja na jembe na ndoo, akasimama kwenye ukingo. Jiko la tofali alikuwa nalo, lakini alitaka udongo wa kutengenezea mafiga, maana aliyonunua sokoni yalikuwa yanapasuka hovyo.

"Chukua, dada," Mwalimu akamwambia. Alikuwa ameshuka na kigoda cha Gaspar, amekaa kivulini.

Chausiku alianzia pembeni, kwa mazoea. Alichimba kidogo, akakutana na mchanga, akasonya.

"Chimba pale katikati," Mwalimu akasema.

Jembe likasimama. "Pale mzee alikataza."

"Najua. Chimba tu."

Bi Chausiku alisogea katikati, polepole, kama mtu anayeingia chumba cha mwenzake. Udongo wa pale ulikuwa mweusi, laini, hauna hata kokoto. Alijaza nusu ya ndoo, akapumzika, akaegemea mpini.

"Nikuulize kitu, Mama Sekela? Usikasirike."

"Uliza."

"Lile jambo lako la kujaza maji lilinishangazaga sana. Kwa sababu mie nilimuuliza mzee siku moja, hapahapa tulipo. Nikamwambia, mzee, wewe tope lako hili unalilinda kama dhahabu, je siku ukifa? Akacheka. Akasema, mke wangu yupo. Mambo yote ya hawa samaki anayajua, kila jioni namsimulia, na ananisikilizaga mpaka mwisho."

Upepo wa bondeni ukapita kwenye matete. Mwalimu Atuganile alikuwa ameinamisha kichwa, mikono mapajani, na machozi yanamdondokea mikononi bila yeye kuyafuta. Kutoka juu nyumbani harufu ikaanza kuteremka, kidogo kwanza, kisha wazi kabisa.

"Mama Sekela, maharage yako yanaungua."

"Yaache yaungue," akasema. "Mzee alisema nini kingine?"

Bi Chausiku akaweka jembe chini, akaketi kwenye udongo mkavu mbele yake, akaendelea kumweleza.